Radhi ya Shemeji Shaabani

Jumatatu, 8 Julai 2024

Daktari wa Kilindoni amesema moyo wangu umechoka. Nikamuuliza umechoka kiasi gani. Akasema, mzee, moyo umefanya kazi miaka themanini na miwili bila likizo, hata mimi ningechoka. Jibu la kihuni, lakini nimelielewa. Nimerudi Mwambakuni na dawa za aina tatu na daftari hili. Nataka kukiri kosa langu kabla sijafa. Mjukuu wangu Kidawa, anayenitunza, anadhani naandika wasia. Mwache adhani. Tangu aanze kudhani hivyo, wali umeongezwa nazi.

Kosa ni hili. Mwaka 1998 barabara ya gari ilitakiwa ipite kijijini kwetu. Ingepita katikati ya minazi yangu kumi na miwili. Mimi nilikuwa mwalimu mkuu na katibu wa kijiji, na mhuri ulikaa kwenye droo yangu. Nikaandika barua kwa wakubwa kwamba Mwambakuni haitaki barabara. Sikutumia jina langu. Nilitumia jina la mwenyekiti, Shaabani, kaka wa marehemu mke wangu. Saini yake nilikuwa naijua vizuri, maana nilimfundisha kuiandika mimi mwenyewe.

Barabara ikapelekwa kwingine. Zahanati ikaifuata barabara. Shule ikaifuata zahanati. Watu wakaifuata shule, wengine Miburani, wengine Kilindoni. Leo tumebaki nyumba kumi na nne, na lawama yote ni ya Shaabani. Minazi yenyewe imeliwa na chonga, wale wadudu wa minazi. Imebaki miwili, na mmoja hauzai.

Shaabani alikana tangu siku ya kwanza. Hakuna aliyemwamini, maana barua ilikuwa na jina lake, saini yake, mhuri wa kijiji. Siku moja alisimama msikitini akasema kwamba Mungu hasamehe haki ya mja mpaka mja mwenyewe asamehe, kwa hiyo aliyeandika barua ile atakuja tu kumwomba radhi kabla hajafa. Nilikuwa safu ya mbele. Nikaitikia amina.

Sasa ndiyo nakufa. Radhi naihitaji. Tatizo ni kwamba ili kuiomba lazima nimwambie niliyoyafanya.

Lakini leo wameingia watu wa filamu. Binti mmoja wa Bukoba, Jovina, ndiye mwongozaji. Mpiga picha wake anaitwa Godlove, kijana mpole mwenye mabegi mengi. Wanatengeneza filamu fupi ya dakika kumi na nane kuhusu kijiji kinachokufa. Ndani yake yuko mzee anayekata roho, na jirani yake. Wazo likanijia nikiwa bado naitikia shikamoo zao. Mzee huyo nitakuwa mimi. Shaabani atakuwa jirani. Kabla ya kukata roho nitamwomba radhi, naye atasema nimekusamehe, kwa kuwa filamu itakuwa imeandikwa hivyo. Radhi itakuwa imetoka kinywani mwake. Mashahidi wawili na mashine.

Nimelala nikitabasamu. Kidawa amenigusa paji la uso kuona kama nina homa.


Jumanne, 9 Julai

Kwanza nilikwenda kwa Maalim Luqmani, imamu wetu, kuuliza hukumu. Nikasema nina rafiki Kisiwani Bwejuu. Rafiki huyo anataka kujua: mtu akikusamehe bila kujua amekusamehe nini, radhi inakubalika? Maalim akafikiri, akasema inategemea huyo rafiki anaficha nini. Nikasema sijui, ni mtu wa siri sana. Maalim akanitazama kuanzia kofia mpaka kandambili. Akasema nimwambie rafiki yangu wa Bwejuu afanye haraka, kwa sababu kwa rangi ya uso wake hana muda mrefu.

Mchana Jovina alichagua waigizaji chini ya paa la darasa la zamani. Nilikwenda na cheti cha daktari. Nikamweleza kwamba katika kijiji hiki chote mimi peke yangu nakufa kwa maandishi. Akakisoma kwa heshima, akanirudishia. Akasema, babu, samahani, uso wako una afya. Una mashavu.

Nikamwambia mashavu ni ya kurithi.

Akamwita Shaabani. Shaabani ana miaka themanini na minne, anapalilia mihogo yake mwenyewe, na hajawahi kumeza kidonge. Ila hana meno, mashavu yameingia ndani, macho makubwa kama ya samaki chewa. Akalala kwenye kitanda cha kamba, akafumba macho. Wanawake wawili wakaanza kulia papo hapo. Jovina akasema ndiye.

Mimi nimepewa kuwa jirani.

Wakati wa kutoka Shaabani alinishika bega. Akasema, "Pole shemeji. Kufa nako kunahitaji kipaji."


Jumatano, 10 Julai

Mpango mpya. Kupunguza mashavu. Asubuhi nimekataa chapati. Saa nne nimekataa uji. Nikajipaka majivu kidogo chini ya macho, nikaenda kupita mbele ya kamera kwa mwendo wa kuyumba.

Jovina hakuniona. Alikuwa na shida zake. Anataka kijiji chenye ukiwa, na kijiji kimejaa. Habari za filamu zimefika Miburani na Kiegeani, na watu waliohama miaka kumi iliyopita wamerudi kutazama jinsi kwao kunavyokufa. Wamevaa nguo za Idi. Kuna mtu amefungua biashara ya kachori mbele ya nyumba iliyoanguka. Godlove kila akielekeza kamera kwenye ukiwa, ndani ya ukiwa anatokea mtu anampungia mkono.

Halafu kufagia. Jovina aliwaomba wanawake wasifagie, anataka majani makavu uani. Wanawake wakaona wametukanwa. Zuena, mke wa Shaabani, akasema mgeni hatamkuta yeye na uchafu, labda afe, na wa kufa ameshapatikana, ni mumewe. Wakafagia mara mbili. Ikabidi Godlove aokote majani msituni na kuyamwaga uani kwa mkono. Alipogeuka kuchukua kamera, Zuena alikuwa ameshayafagia.

Mimi saa saba nilianguka kwa njaa. Kidawa akapiga kelele. Nikafumbua macho nikitarajia kumwona Jovina amevutiwa. Nikamwona Shaabani, ameninywesha maji ya sukari na anafuta majivu yangu kwa kanzu yake. Akaniuliza nimekula nini. Nikasema sina hamu. Akamwambia Kidawa anipe wali na samaki, na kwamba tangu utoto mimi nikikosa chakula nafanya mambo ya ajabu.

Nimekula sahani mbili. Mashavu yamerudi.


Alhamisi, 11 Julai

Balaa.

Jovina ametugawia karatasi za maneno ya kusema. Kumbe siku zote hizi alikuwa akipita nyumba kwa nyumba kukusanya visa. Kisa alichokipenda kuliko vyote ni cha barua. Katika filamu, mzee anayekufa anakiri kwa jirani yake kwamba ni yeye aliyeandika barua ya kukataa barabara na kukiua kijiji. Anaomba radhi. Jirani anamsamehe.

Nimeisoma mara nne. Hakuna kosa. Shaabani akiri kosa langu, mimi nimsamehe.

Nilimfuata Jovina mbio, yaani mbio za umri wangu. Nikamwambia kama mwalimu wa miaka thelathini na sita kwamba barua haina mvuto. Mtu atazame barua dakika kumi na nane? Nikampendekezea jini. Tunalo jini zuri kule mikokoni, linajulikana, lina kwato. Akaandika habari za jini kwenye simu yake, akashukuru sana, akasema barua inabaki, ndiyo moyo wa filamu. Nikamwambia moyo ndio unaoniua mimi. Akacheka. Akasema nina vichekesho, labda anipe maneno zaidi.

Basi nikaenda kwa Shaabani ili ajitoe. Nilimkuta anachonga mpini wa jembe. Nikasema, shemeji, hawa watoto wa bara wanataka kukudhalilisha, ukubali mbele ya dunia jambo ambalo siku zote umelikana. Kataa. Nitakuunga mkono.

Hakuinua macho. Akasema maneno ya kwenye karatasi ameyasikia, amesomewa na Zuena. Akasema kwa miaka ishirini na sita amesema kweli kwa sauti yake mwenyewe na haikufika hata kisimani. Mwanawe Taufiki aliondoka akimwambia ameua kijiji, hajarudi, hata simu hapigi. Sasa imekuja mashine inayopeleka sauti mbali. Yeye atalala pale kitandani, na atasema atakachosema.

Nikamuuliza atasema nini.

Akasema, "Njoo usikilize. Si wewe ndiye jirani?"


Ijumaa, 12 Julai

Hakuna kupiga picha leo. Swala tu. Msikiti ulijaa kwa ajili ya wageni wa filamu, safu tano, jambo ambalo sijaliona tangu shule ifungwe. Maalim Luqmani akatoa hotuba kuhusu haki za watu. Kwa nini? Mada ziko nyingi. Kuna ndoa, kuna usafi.

Baada ya swala aliniuliza hali ya rafiki yangu wa Bwejuu. Nikasema amepata nafuu.


Jumamosi, 13 Julai

Nitaandika kama ilivyokuwa.

Saa tatu asubuhi. Chumba cha Shaabani, kitanda cha kamba, dirisha wazi. Nje kijiji kizima na nusu ya Miburani, wameambiwa wasipumue. Mimi kwenye kigoda. Godlove na kamera yake karibu na mguu wangu. Jovina akasema anza.

Shaabani alilala kama maiti halisi. Nilikuwa namsubiri aseme, jirani yangu, barua ile niliiandika mimi. Akafumbua macho. Akasema, jirani yangu, barua ile sikuiandika. Mke wangu anajua sikuiandika. Mwanangu hajui. Nakufa na jina bovu ambalo si langu. Kama unamjua aliyeandika, niambie, nife nimesikia.

Haya hayakuwamo kwenye karatasi. Nilimtazama Jovina anisaidie. Alikuwa ameziba mdomo kwa mkono, macho yanang'aa, anazungusha kidole: endelea, endelea.

Shaabani akanishika kifundo cha mkono. Mkono wake mgumu, wa jembe. Akanitazama kwa macho yale yale ya dada yake.

Sikupanga. Naapa katika daftari hili kwamba kwa mara ya kwanza katika maisha yangu sikupanga. Nilisikia sauti ikisema, niliandika mimi. Nikaeleza yote. Minazi kumi na miwili. Saini. Droo. Nikaeleza hata mhuri ulivyogoma kwa sababu kidau cha wino kilikuwa kimekauka, nikakilowesha kwa maji ya dafu, nikapiga mara ya pili juu ya ule wa kwanza. Nililia. Nilimwita shemeji. Nikasema nisamehe.

Hapo kijiji kizima kikapiga makofi.

Makofi. Jovina ananikumbatia, anasema kwa nini nilimficha, mimi ni mwigizaji wa kuzaliwa. Godlove anajifuta macho. Dirishani wanawake wanasema Mwalimu ana akili, ametunga papo kwa papo, ameubeba ubaya wa shemeji yake ili amsitiri mbele za watu. Zuena akanibusu mkono. Alisema, Mwenyezi Mungu akulipe, hakuna ndugu mwingine angefanya hivyo.

Nilifungua kinywa niseme si mchezo. Kinywa kikasema, "Ah, kawaida tu."

Jovina akaomba turudie, kuku alipita. Mara ya pili nilikiri vizuri zaidi. Mara ya tatu niliongeza kwamba katikati ya minazi kulikuwa na kaburi la bibi yangu, nilikuwa namlinda. Hakuna kaburi. Lakini watu walilia sana.

Mwisho wa kila mara Shaabani alitakiwa aseme nimekusamehe. Mara zote tatu alifumba macho akanyamaza. Jovina akasema kunyamaza kumependeza zaidi.


Jumapili, 14 Julai

Mimi ni shujaa wa Mwambakuni. Kifungua kinywa kimeletwa kutoka nyumba tatu. Watu wanasimama wanapoongea nami. Watu wa filamu wanakusanya vitu vyao, kesho wanapanda boti. Jovina amekuja kuaga na kuniita babu yake.

Nimepiga hesabu zangu. Kosa nimelisema kwa mdomo wangu, mbele ya mwenye haki, mara tatu. Yeye hakusema hapana. Nilikuwa nakaribia kumalizana na jambo hili kabisa.

Alasiri Shaabani akaja. Alileta mkate wa kumimina kutoka kwa Zuena, akakaa kwenye mkeka, akauliza habari za moyo wangu. Nikasema nzuri. Akala kipande. Halafu akasema mwaka ule wa barua yeye alikwenda mpaka Kilindoni, akamwomba ofisa amwonyeshe. Ofisa akamwonyesha, akairudisha kwenye faili, na faili hilo liliungua baadaye. Barua ile ilikuwa na mhuri mara mbili, mmoja juu ya mwingine, na wa pili ulikuwa umechujuka kama uliolowa maji. Hilo yeye hakumwambia mtu. Hata Zuena.

Nikakohoa. Nilikohoa muda mrefu. Akanisubiri. Akanimiminia maji.

Nilipomaliza, alisema kwa sauti ya chini, bila ubaya, kwamba jana ilikuwa filamu na leo siyo. Hapa hakuna kamera, yuko yeye, niko mimi, na mkate. Kama nina la kusema niseme.

Hapa ndipo ningesema. Mlango ulikuwa wazi kabisa. Neno lilifika kwenye ulimi, nikalionja, chungu kama shubiri. Nikawaza kifungua kinywa cha nyumba tatu. Nikamwambia habari ya mhuri nilipewa na Jovina, watoto wa filamu wana ubunifu sana siku hizi.

Shaabani akatikisa kichwa polepole. Akajifuta mikono, akasimama. Mlangoni akageuka.

"Haya, shemeji. Mimi sina haraka. Mwenye haraka ni wewe."


Jumatatu, 15 Julai

Nimepata njia. Nimeamka nayo. Watu wa filamu wameondoka na boti ya asubuhi, kwa hiyo hakuna wa kuniambia nina mashavu.

Hakuna Mwislamu anayemnyima radhi mtu aliye katika sakarati ya mauti. Hakuna pia anayemdai maelezo, maana hana pumzi ya kuyatoa. Nitakata roho kwa muda. Nitaomba radhi kwa ujumla, bila kutaja jambo. Shaabani atasema nimekusamehe. Kisha nitapata nafuu.

Saa tano nimejilaza upande wa kulia, uso kibla, shuka mpaka kifuani. Nikamwambia Kidawa aende akamwite babu yake Shaabani, amwambie Mwalimu anaondoka. Maskini alikimbia bila viatu. Hilo limeniuma kidogo.

Shaabani alikuja na msahafu. Akakaa kitini kichwani pangu, akanisomea Yasini yote, taratibu, hakuna aya aliyoiharakisha. Sauti nzuri anayo, lazima niseme. Nikavuta pumzi kwa kukwaruza. Alipomaliza akaniinamia sikioni, akauliza kama nina neno.

Nikasema kwa sauti ya mbali, shemeji, nisamehe yote.

Akasema, "Yote ni mengi. Anza na moja."

Nikafumba macho. Nikalegeza taya. Nilikuwa bora kuliko yeye Jumamosi, hilo naliandika bila majivuno. Nikasikia amekaa tena. Kidawa analia kwenye mlango. Shaabani akamwambia asilie, kazi ya kufa inaweza kuchukua muda, babu yako ana mambo ya kupanga kwanza. Kisha akauliza kinachonukia jikoni ni nini.

Pweza wa nazi.

Akasema chakula cha mgonjwa aletewe yeye, kwa kuwa mgonjwa hali tena. Alikula pale pale, kando ya pua yangu. Alimsifu Kidawa kwa nazi. Akaomba ndimu. Akaomba aongezewe. Mimi nakoroma, tumbo linakoroma kwa sauti kubwa kuliko mimi. Kila baada ya muda aliinama na kuuliza, bado hujaanza na moja? Nami nikawa nimekwenda mbali sana, siwezi kujibu.

Ikafika adhana ya alasiri. Akasimama. Alinifunika miguu, maana shuka lilikuwa limepanda, akaiminya kidogo kama tulivyokuwa tukimfanyia dada yake siku zake za mwisho. Mkono haukuwa na hasira. Ingekuwa rahisi zaidi kama ungekuwa nayo. Akasema anakwenda kuswali, na kesho atakuja tena, siku yoyote nitakayomwita atakuja, hata mara mia.

Nilingoja nyayo ziishe. Nikainuka. Pweza amekwisha. Nimekula ukoko na chumvi, nimesimama jikoni, moyo unadunda vibaya, dawa nimesahau kumeza.

Nimetafakari sana kosa langu liko wapi, na nimeliona. Nilianza na tumbo tupu.

Kesho nitakufa tena, ila safari hii nitakula kwanza.